Kila Moto na Dawa Yake: Namna ya Kutambua Madaraja ya Moto na Kuchagua Mtungi Ufaao

Wahenga walisema dawa ya moto ni moto. Methali hiyo husemwa juu ya ugomvi wa watu, na huenda huko ina ukweli wake. Moto wenyewe, ule unaokula godoro la wodini au mafuta ya kukaangia jikoni, una dawa nyingi, na kila dawa ina moto wake. Mpishi anayemwaga maji kwenye karai la mafuta yanayowaka ana ujasiri na nia njema, lakini kwa tendo hilo moja huugeuza moto wa ukubwa wa karai kuwa moto wa ukubwa wa jiko zima. Naye anayerusha maji kwenye kisanduku cha umeme kinachowaka huweza kuuawa na umeme kabla moto haujamfikia.

Kwa mhudumu wa afya jambo hili si geni. Hakuna daktari mwangalifu anayetoa dawa kabla hajaujua ugonjwa, wala muuguzi anayechoma sindano kabla hajasoma kichupa. Mtungi wa kuzimia moto nao ni dawa yenye maelekezo, kipimo, madhara, na mahali usipopaswa kutumika. Tofauti ni kwamba ugonjwa huu hausubiri majibu ya maabara. Moto ukishawaka, mtu hushika mtungi ulio karibu naye, uwe unafaa au haufai. Kwa hiyo uchaguzi wa kweli hufanyika mapema: siku ya kuagiza mtungi, siku ya kuutundika ukutani, na siku ya kuwafundisha wanaofanya kazi chini yake. Makala haya yanakusudia kumsaidia mhudumu wa afya, na mgonjwa aliye wodini au nyumbani, kufanya uchaguzi huo wakati bado kuna utulivu.

Moto huishi kwa nini

Moto huishi kwa vitu vitatu: kitu kinachoungua, joto la kutosha, na oksijeni. Vitatu hivyo vikikutana huzaa mfululizo wa mabadiliko ya kikemia unaojiendeleza wenyewe, na huo ndio nguzo ya nne. Nguzo moja ikivunjika, moto hufa. Kila aina ya mtungi imeundwa kuvunja nguzo fulani. Maji huondoa joto. Povu hutanda juu ya kimiminika kama shuka na kuuzuia mvuke wake usikutane na hewa. Hewa ya ukaa, yaani kabonidioksidi, huisukuma oksijeni kando. Poda kavu hukatiza mfululizo wa kikemia ndani ya ndimi za moto zenyewe.

Katika hesabu hii hospitali ina hali ya pekee. Hewa tunayovuta ina oksijeni kwa kiasi cha asilimia 21. Kandokando ya mgonjwa anayepewa oksijeni, kiwango hicho hupanda, na hata ongezeko la asilimia chache hubadili tabia ya vitu: shuka, nywele na plastiki ambavyo kwa kawaida hushika moto polepole huwaka ghafla na kwa nguvu. Mwezi Aprili 2021, moto uliohusishwa na mitungi ya oksijeni ulizuka katika hospitali ya Ibn al-Khatib jijini Baghdad, iliyokuwa ikihudumia wagonjwa wa UVIKO-19, na watu zaidi ya 80 walipoteza maisha. Mahali ambapo oksijeni inalisha moto, kufunga valvu hutangulia mtungi wowote. Hewa ya ukaa inayotoka kwa sekunde chache haiwezi kushindana na bomba linaloendelea kumimina oksijeni.

Madaraja ya moto

Wataalamu wameyagawa majanga ya moto katika madaraja kwa kufuata kile kinachoungua. Mgawanyo ufuatao ndio unaotumika Uingereza, Ulaya na katika nchi nyingi zilizofuata viwango vya kimataifa.

Daraja A ni moto wa vitu yabisi vya kawaida: mbao, karatasi, nguo, magodoro, maboksi ya dawa, takataka. Vitu hivi huacha makaa, na makaa huficha joto ndani. Ndiyo maana moto wa godoro huonekana umekufa, kisha ukafufuka baada ya nusu saa.

Daraja B ni moto wa vimiminika viwakavyo: petroli, dizeli, mafuta ya taa, rangi, spiriti na vitakasa mikono. Kinachowaka hapa ni mvuke unaopaa juu ya kimiminika, na mvuke huo hutembea mbali na mahali kimiminika kilipomwagika. Watanzania hawajasahau tarehe 10 Agosti 2019 mjini Morogoro, ambapo lori la mafuta lilipinduka na moto ukawakumba watu waliokuwa wakichota petroli. Zaidi ya watu 100 walifariki. Kwa petroli iliyotapakaa barabarani hakuna mtungi wa mkononi unaotosha. Dawa yake ni umbali.

Daraja C ni moto wa gesi, kama ile ya kupikia. Daraja D ni moto wa metali ziwakazo, kama magnesi, sodiamu na potasiamu, ambazo huweza kukutwa katika maabara za kemia. Daraja F ni moto wa mafuta ya kupikia, yawe ya mimea au ya wanyama. Mafuta haya yametengwa na daraja B kwa sababu hujiwasha yenyewe yakipita nyuzi joto 300 za Selisiasi, na joto lake kubwa huyawasha tena hata baada ya ndimi za moto kuzimwa.

Moto wa umeme hauna herufi yake katika mgawanyo huu, ingawa baadhi ya wakufunzi huuita daraja E. Sababu ni kwamba umeme wenyewe hauungui; huwasha vitu vingine, plastiki ya waya au ubao wa meza. Ukishakatwa, moto unaobaki huwa wa daraja A au B. Usipokatwa, kila kimiminika kinachopitisha umeme huwa njia ya kumfikishia mzimaji mauti.

Hapa kuna mtego ambao wanunuzi wa vifaa vya hospitali hawana budi kuujua. Katika mfumo wa Marekani, daraja C ni moto wa umeme, gesi huhesabiwa pamoja na vimiminika katika daraja B, na mafuta ya kupikia hupewa herufi K. Mtungi uliotengenezwa kwa soko la Marekani na mtungi uliotengenezwa kwa soko la Ulaya huweza kubeba herufi moja yenye maana mbili, na vyote viwili huweza kufika hospitali moja kwa njia ya ununuzi au msaada wa wafadhili. Basi herufi pekee isitegemewe. Isomwe pamoja na mchoro ulio kando yake: gogo linalowaka, kopo la mafuta, mtungi wa gesi, kikaango, au alama ya umeme.

Mitungi na mipaka yake

Mtungi wa maji hufaa daraja A pekee. Hupoza mpaka kwenye makaa, na kwa godoro au rundo la nguo ndio dawa bora. Haufai kwa umeme, kwa petroli, wala kwa mafuta ya kupikia. Maji yakigeuka mvuke hutanuka hadi kujaza nafasi mara 1,700 hivi ya ile yaliyokuwa nayo. Yakizama chini ya mafuta yenye moto mkali, hulipuka kuwa mvuke na kuyarusha mafuta hayo hewani yakiwaka.

Mtungi wa povu hufaa daraja A na B. Lina udhaifu mmoja ambao hospitali inapaswa kuuzingatia: alkoholi huchanganyika na maji, hivyo hulivunja povu la kawaida. Mahali panapohifadhiwa spiriti au vitakasa mikono kwa wingi panahitaji povu maalumu linalostahimili alkoholi, au mtungi wa aina nyingine.

Mtungi wa poda kavu ndio unaoonekana zaidi, kwa sababu poda iitwayo ABC, ambayo kiini chake ni fosfeti ya amonia, hukabili madaraja yote matatu na pia moto wa umeme. Sifa hiyo imewafanya wengi waamini kuwa ni dawa ya kila moto, nayo siyo. Haipozi, kwa hiyo makaa huweza kuwaka tena. Haiwezi mafuta ya kupikia yaliyopita kiwango chake cha joto. Ndani ya chumba hutoa wingu zito linaloziba macho na kuwasha njia ya hewa. Katika wodi ya wagonjwa wa pumu, kifua kikuu au watoto njiti, wingu hilo ni ugonjwa juu ya ugonjwa. Isitoshe, unga wake hupenya ndani ya mashine za kielektroniki na kuzila taratibu. Moto mdogo kwenye mashine moja huweza kuzimwa, na mashine tano za jirani zikaharibika.

Mtungi wa hewa ya ukaa hufaa moto wa umeme na moto mdogo wa vimiminika. Haupitishi umeme na hauachi masalia, kwa hiyo ndio chaguo la vyumba vyenye mashine za thamani. Mipaka yake ni mitatu. Kwanza, haupozi vya kutosha, na moto wa daraja A hurudi. Pili, katika chumba kidogo kilichofungwa hewa hiyo humnyima mzimaji pumzi, basi atumie na kutoka, na chumba kipitishwe hewa. Tatu, gesi hutoka ikiwa na ubaridi unaofikia nyuzi 78 chini ya sifuri. Anayeshika mdomo wa pembe ya kutolea gesi huweza kupata jeraha la baridi lisilo tofauti sana na la moto.

Mtungi wa kemikali ya majimaji umeundwa kwa ajili ya daraja F. Chumvi za potasiamu zilizomo ndani yake hugusana na mafuta ya moto na kuyageuza sehemu ya juu kuwa tabaka la sabuni. Tabaka hilo huyafunika mafuta huku maji ya mchanganyiko huo yakiyapoza. Daraja D nalo lina poda zake maalumu, kama zile za chumvi au grafiti, na poda ya ABC isidhaniwe kuwa mbadala wake.

Kwa mitungi inayofuata kiwango cha Ulaya kama kinavyotumika Uingereza, mwili wote huwa mwekundu na aina hutambulishwa kwa bendi ya rangi: krimu kwa povu, buluu kwa poda, nyeusi kwa hewa ya ukaa na njano kwa kemikali ya majimaji. Mtungi wa maji hubaki mwekundu mtupu. Namba iliyo kabla ya herufi, kwa mfano 13A au 34B, huonyesha ukubwa wa moto wa majaribio ambao mtungi ule uliweza kuuzima: namba kubwa, uwezo mkubwa.

Chumba kwa chumba

Maarifa haya hupata maana yanapotembezwa katika jengo. Wodini kuna magodoro, mapazia na mafaili. Moto wake ni wa daraja A, na mtungi wa maji au povu hufaa, ukiwa na jirani yake wa hewa ya ukaa kwa ajili ya mashine na soketi. Kila muuguzi wa zamu ajue ilipo valvu ya oksijeni ya wodi yake na nani anaruhusiwa kuifunga, kwa sababu kuifunga bila mpango humwacha anayeitegemea bila pumzi.

Katika chumba cha upasuaji, vitu vyote vitatu hukutana juu ya meza moja: oksijeni ya mgonjwa, dawa ya ngozi yenye alkoholi, na kisu cha umeme. Kinga hutangulia. Dawa ya ngozi yenye alkoholi iachwe ikauke walau dakika tatu, na zaidi penye nywele. Isiachwe ikatuama chini ya mgonjwa wala kulowesha vitambaa. Moto ukizuka kwenye vitambaa, oksijeni husimamishwa, vitambaa huondolewa mwilini, na maji safi ya chumvi yaliyopo mezani humwagwa. Mtungi wa hewa ya ukaa uwepo chumbani. Poda haina nafasi juu ya jeraha lililo wazi.

Chumba cha MRI kina sharti lake. Sumaku yake huendelea kuvuta hata mashine ikiwa haipigi picha, na mtungi wa chuma ukiingizwa humo hugeuka kombora. Mwaka 2001, katika hospitali moja ya jimbo la New York, mtungi wa oksijeni wa chuma uliovutwa na sumaku hiyo ulimuua mtoto aliyekuwa ndani ya mashine. Mtungi wa kuzimia moto wa eneo hilo lazima uwe wa metali isiyovutwa na sumaku na uandikwe hivyo waziwazi, ili mwokoaji mwenye haraka asikosee.

Maabara na stoo ya dawa hubeba vimiminika vya daraja B. Michanganyiko miwili ya kutakasa mikono iliyopendekezwa na Shirika la Afya Duniani ina ethanoli asilimia 80 au alkoholi ya isopropili asilimia 75. Kopo la mezani si tishio kubwa, lakini madumu kumi yaliyorundikwa chini ya ngazi ni tishio. Moto wa alkoholi pia huwaka kwa rangi hafifu ya buluu, na mchana huweza usionekane vyema. Asiyeuona huweza kutia mkono ndani yake.

Stoo haina budi kuogopwa kuliko inavyoogopwa. Tarehe 15 Mei 1929, filamu za eksirei zilizotengenezwa kwa nitroselulosi ziliungua katika kliniki ya Cleveland nchini Marekani. Watu 123 walikufa, wengi wao kwa gesi zenye sumu zilizosambaa jengoni. Nitroselulosi hubeba oksijeni ndani ya muundo wake, kwa hiyo kuifunika hakuizimi. Filamu hizo hazitumiki tena, ila swali lililoachwa na msiba ule bado lipo kwa kila mtunza stoo: kilichomo humu kikiungua, kitafanyaje?

Leo swali hilo linaelekea kwenye betri za lithiamu zilizomo katika kompyuta, mashine za kubebeka na mifumo ya umeme wa jua. Wengi hudhani ni moto wa daraja D kwa sababu ya jina la metali. Sivyo. Betri za lithiamu zinazochajiwa upya zikichemka kwa ndani huzalisha joto lake zenyewe, na kinachosaidia ni kupoza kwa maji mengi na kwa muda mrefu, kazi inayowafaa zaidi askari wa zimamoto. Mfanyakazi akate umeme iwapo anaweza, awaondoe watu, afunge mlango, na akwepe moshi wake ambao una sumu kali.

Jikoni la hospitali lihitaji mambo mawili: mtungi wa kemikali ya majimaji na blanketi la kuzimia moto. Chumba cha jenereta kihitaji povu au poda kwa ajili ya dizeli. Humo poda haina ubaya mkubwa, maana hakuna mgonjwa wa kuivuta.

Sekunde chache za kazi

Mtungi wa mkononi una dozi ndogo. Mwingi huisha chini ya nusu dakika, na ule mdogo wa hewa ya ukaa huweza kuisha kwa sekunde kumi hivi. Anayeusoma maelezo yake wakati moto unawaka ameshachelewa.

Utaratibu wa hospitali una hatua nne. Kwanza okoa aliye hatarini karibu na moto. Pili toa tahadhari: piga kengele, taja mahali, na ita Jeshi la Zimamoto na Uokoaji, ambalo kwa Tanzania namba yake ni 114. Tatu uzuie moto usienee kwa kufunga milango na madirisha na, inapobidi, oksijeni. Nne zima, ikiwa inawezekana, au ondoka na wagonjwa. Hatua ya tatu hupuuzwa mara nyingi, ilhali mlango uliofungwa huzuia moshi, na moshi huua wengi kuliko ndimi za moto. Mwezi Desemba 2011, katika hospitali ya AMRI jijini Kolkata nchini India, moto ulianzia chini ya ardhi ya jengo na moshi ukapanda hadi wodini. Watu takribani 90 walikufa, wengi wao kwa kukosa hewa.

Atakayezima afanye hivi: avute pini ya usalama, aelekeze bomba kwenye kitako cha moto, si kwenye ndimi zake, abane mkono wa mtungi, kisha afagie kutoka upande huu hadi ule huku akisogea pole pole. Kwa daraja F hufanywa tofauti kidogo: kemikali hunyunyiziwa taratibu kutoka mbali, ili mafuta yasirushwe nje ya chombo. Mlango wa kutokea uwe nyuma ya mzimaji daima. Moto ukishazidi ukubwa wa pipa la taka, ukishafika darini, moshi ukianza kujaa, au mtungi ukiisha kabla moto haujaisha, kazi ya mzimaji imekwisha. Atoke na afunge mlango.

Aliyevuta moshi apimwe hata kama anajiona mzima. Kifaa cha kidoleni cha kupimia oksijeni hakitofautishi vyema damu iliyobeba oksijeni na ile iliyobeba gesi ya kabonimonoksidi, hivyo namba nzuri isimpumbaze mhudumu. Masizi puani, sauti iliyokwaruza na nywele za puani zilizoungua ni dalili za kuharakisha matibabu.

Kwa mgonjwa na jamaa zake nyumbani

Nyumba nyingi hazina mtungi, na zenye uwezo wa kununua mmoja hufaidika zaidi na poda ndogo ya ABC iliyowekwa karibu na mlango, wala si juu ya jiko. Kwa kikaango kinachowaka, usiguse maji. Zima jiko, funika kwa mfuniko au blanketi la kuzimia moto, na usifunue mpaka kipoe kabisa. Gesi ikiwaka kwenye mpira, funga valvu ya mtungi ikiwa unaweza kuifikia. Usipoweza, usihangaike kuuzima mwali wenyewe: gesi inayovuja bila kuwaka ni nzito kuliko hewa, hutambaa sakafuni, na hulipuka ikikuta cheche. Toa watu nje.

Mgonjwa anayetumia oksijeni nyumbani asikae karibu na jiko la mkaa, mshumaa au mvuta sigara, na mafuta mazito ya mgando yasipakwe puani na midomoni. Anayepatwa na moto nguoni asikimbie. Alale chini na abingirike. Jeraha la moto lipozwe kwa maji safi yanayotiririka kwa dakika 20, pete na vikuku vivuliwe, kisha lifunikwe kwa kitambaa safi. Dawa ya meno, samli, majivu na barafu visitumike. Mtoto mdogo akipozwa jeraha, mwili wake uliosalia ufunikwe asipatwe na baridi.

Kuutunza mtungi ulio ukutani

Mtungi mbovu hudanganya kuliko ukuta mtupu. Kila mwezi mtu aliyeteuliwa auangalie: je, upo mahali pake, haujazibwa na kitanda wala maboksi, pini na muhuri vipo, bomba halijapasuka, na mshale wa geji uko kwenye rangi ya kijani? Mtungi wa hewa ya ukaa kwa kawaida hauna geji. Hupimwa kwa mizani. Kila mwaka fundi mwenye sifa aukague kwa kina na kuandika tarehe kwenye kadi. Mtungi uliotumika hata kwa sekunde mbili upelekwe kujazwa, kwa kuwa shinikizo lililobaki huvuja.

Kiongozi wa kituo cha afya anaweza kuanza kazi hii kwa karatasi moja. Apite kila chumba na kuandika safu tatu: humu huungua nini, mtungi gani upo, mtungi gani unafaa. Pale safu ya pili na ya tatu zisipolingana, pana jambo la kurekebishwa kabla ya bajeti ijayo, na mara nyingi halihitaji fedha: mtungi wa poda ulio katika wodi ya watoto hubadilishana mahali na ule wa povu ulio kwenye ofisi. Muuguzi naye, aanzapo zamu, atazame mtungi ulio karibu naye na asome kile unachozima na kile usichozima. Mgonjwa aliyelazwa anayo haki ya kuuliza mlango wa dharura uko wapi, na mhudumu anapaswa kuwa na jibu la kumpa palepale.